Sahani ya Staringi

Valarie, mpambaji wa waigizaji, alianguka katika bustani ya nyumba walimopigia filamu, saa saba na nusu mchana, brashi ya poda mkononi. "Valarie! Valarie!" watu walipiga mayowe, mpaka majirani wa mtaa wa Spring Valley wakachungulia getini. Daktari alipiga simu baadaye: ataishi, lakini chakula chake kilitiwa dawa ya usingizi, na si kidogo.

Inspekta Kavata alianza na Fidel, fundi wa taa, kwa kuwa asubuhi aligombana na Valarie.

"Aliniacha, ndio tukakosana," Fidel alisema. "Lakini mchana wote nilikuwa juu ya ngazi nikifunga taa. Uliza hao wote."

Wakaulizwa. Alisema kweli.

"Valarie alikula nini?" Kavata akauliza.

"Kuku wangu," Gerishon akajibu, uso chini.

Miaka ishirini Gerishon aliigiza bawabu, dereva na shemeji mlevi. Hii ndiyo filamu yake ya kwanza kuwa staringi, mhusika mkuu, na staringi huletewa sahani iliyofunikwa hadi mlango wa chumba chake ghorofani. Lakini mazoea yana taabu. Alimpa Valarie kuku, akashuka kupanga foleni ya githeri, mahindi na maharagwe, pamoja na waigizaji wadogo, kisha akarudi juu kimyakimya asije akachekwa.

"Nani alijua?"

"Hakuna. Mimi na Valarie tu."

"Basi mzee, aliyewindwa ni wewe."

Gerishon akakumbuka jambo. Mayowe yalipoanza, wote walikimbilia bustanini, isipokuwa mtu mmoja. Njuguna, mwigizaji mwenzake na rafiki yake wa ujanani, alipanda ngazi mbio, akasukuma mlango akisema, "Gerishon, umeanguka?" Wakati ule Gerishon alimshukuru Mungu kwa rafiki wa namna hiyo. Kumbe kikulacho ki nguoni mwako.

Alipoelezwa hayo, Kavata akamwita Njuguna. Gerishon ndiye aliyeuliza.

"Kila mtu alikuwa anaita Valarie. Mbona wewe ulikuja kwangu?"

"Nilidhani..."

"Ulidhani nini, Njuguna?"

Njuguna akaketi bila kukaribishwa. "Ni dawa zangu za usingizi. Nilitaka ulale tu, siku moja. Director aliniambia ukishindwa, mimi ndio naingia." Sauti ikapanda. "Si mimi ndio nilikutoa kwa michezo ya kanisa huko Riruta? Si mimi ndio nilikufunza kusimama mbele ya kamera? Halafu wewe upande, mimi nibaki kucheza maiti?"

Gerishon alihisi uchungu ambao hakuwahi kuuigiza.

"Unajua nani alimwambia director hivyo?"

Njuguna akatikisa kichwa.

"Ni mimi. Nilikataa kutia sahihi hadi akubali. Nilimwambia nikishindwa, asipewe mwingine ila wewe. Nikasema huyo ni ndugu yangu."

Njuguna akainuka, akanyoosha mkono amshike bega. Gerishon akarudi nyuma, akampisha Inspekta Kavata.