Siku Tupu

Mwalimu alihesabu visanduku vya siku kwenye kalenda mara tatu, na mara zote alipata kimoja cha ziada.

Alikuwa mwanamke aliyestaafu ualimu wa hesabu, na kalenda hiyo ilikuwa ya kitabu chake cha kwanza: hadithi ya nchi ya kubuni, yenye milima ya chumvi na mito inayopanda mlima. Aliitungia nchi hiyo kalenda yake. Mwaka ulikuwa na miezi tisa ya siku arobaini arobaini, kuanzia Mwezi wa Umande hadi Mwezi wa Majivu. Ikabaki siku moja nje ya miezi yote, akaiita Siku Tupu. Watu wa nchi ile hawakuihesabu. Ulichokifanya siku hiyo hakuna aliyekuuliza, na ulichoacha kukifanya pia.

Sasa kwenye ukurasa wa majaribio uliotoka kwa mpiga chapa Siku Tupu zilikuwa mbili.

"Mimi nimechapa ulichonipa," mpiga chapa alimwambia kwenye simu. "Haya, nitakifuta hicho cha pili."

Ukurasa uliosahihishwa ulikuja na visanduku vitatu vya Siku Tupu.

Mwalimu alikuwa akiishi na kaka yake mkubwa, dereva wa lori, ambaye tangu mama yao afariki miezi mitano nyuma alikuwa akilala chumba cha mama kila aliporudi safari. Alasiri ile walikuwa sebuleni wakinywa chai. Kaka akaweka kikombe chini.

"Umesikia?"

"Nini?"

"Kijiko kinagonga kikombe cha bati. Chumbani kwangu."

Mwalimu alikuwa amesikia. Wiki nzima alikuwa akikisikia, kuanzia saa tisa mpaka karibu saa kumi. Mama alipoishiwa sauti walimpa kijiko na kikombe awe anaitia watu.

"Panya hao," alisema.

"Panya gani anagonga mara tatu halafu ananyamaza asubiri kujibiwa?" kaka alinong'ona.

Waliinuka. Harufu ya dawa ya kuchua iliwapokea koridoni, ile aliyokuwa akipakwa mama magotini, nzito kana kwamba chupa imepasuka muda huo huo, na kadiri walivyosogea ndivyo ilivyozidi kuwakaba, mpaka kaka akaziba pua kwa kola ya shati na kuusukuma mlango kwa ncha za vidole. Ndani jua lilikuwa limejaa tele. Juu ya meza ndogo kilikuwepo kikombe cha bati, ambacho Mwalimu alikuwa amekitupa jalalani kwa mkono wake, na kitandani godoro lilikuwa limebonyea kama limelaliwa na mtu mwembamba, na huku wakitazama, bonde lile likajigeuza polepole, likawaelekea wao, na kutoka hapo kwenye shuka tupu ikatoka sauti ambayo haikuwa ya mama, ilikuwa ya Mwalimu mwenyewe, yenye haraka na uchovu kidogo.

"Nakuja, mama. Nakuja."

Kaka akamtazama dada yake. Alimshika mkono wakatoka.

Asubuhi kaka alimleta mganga, mwanamke mmoja mnene aliyepumua kwa shida na asiyependa maneno mengi. Alisimama mlangoni mwa kile chumba, akanusa, akarudi sebuleni.

"Huyu siye mama yenu," alisema. "Mama yenu amepumzika. Huyu hana kwao, anatafuta mahali pasipo na mwenyewe. Nani humu kampa mahali?"

Mwalimu akamwonyesha ule ukurasa. Mganga akaweka kidole kwenye visanduku vya Siku Tupu.

"Siku hii ina tarehe yake ya kweli. Itaje, halafu useme ulichokifanya. Usinieleze mimi. Mwambie huyu kaka yako."

Mwalimu alimgeukia kaka yake, lakini macho yaliishia kwenye vifungo vya shati.

"Jumanne, tarehe kumi na tisa," alisema. "Nilikuwa napiga hesabu za kalenda. Imebaki siku moja, sijui niiweke wapi. Mama akagonga saa tisa. Nikamwambia nakuja. Akagonga tena, nikamwambia nakuja. Saa kumi kasoro nikalipata jina la ile siku. Nilifurahi, kaka. Nikapika chai kwanza. Nilipoingia, mikono yake ilikuwa imeshapoa. Nikawaambia alifia usingizini."

"Alikuwa anataka nini?"

"Maji. Jagi lilikuwa mezani kwangu."

Mganga akaanza kusoma dua. Pazia la chumbani likavutika ndani hadi likataka kukatika, mlango ukajibamiza mara moja, na harufu ikapita katikati yao ikatokea nje. Basi. Nyumba ikatulia.

Kaka alifunga begi lake jioni hiyo.

"Sina hasira na wewe," alisema bila kumtazama. "Nashindwa tu kulala humu."

Kesho yake Mwalimu alikwenda kwa mpiga chapa kuutoa ukurasa ule. Alimkuta anakata karatasi, uso umechangamka.

"Umechelewa, Mwalimu. Sikungoja ukurasa urudi, vitabu vimekwenda madukani tangu juzi. Na hiyo Siku Tupu yako ni dawa. Jana baba mkwe alinipigia simu tangu asubuhi, yuko peke yake kule kwake. Sikupokea. Nikamwambia mke wangu, leo Siku Tupu, hatuulizwi."

Akacheka. Nyuma ya mlango wa stoo kitu kiligonga mara tatu, kikanyamaza.

"Kuna mtu humo?"

"Hapana, nimefunga kwa kufuli." Mpiga chapa aligeuka, akasikiliza. Tabasamu likamfutika usoni. "Ni nini hicho?"

"Mpigie baba mkwe," Mwalimu alisema kwa sauti ya chini. "Mpigie sasa hivi, tafadhali."

Akapiga. Walisimama na simu katikati yao, inaita, inaita, mpaka ikakatika yenyewe. Akapiga tena.