Kiti Chenye Joto

Ramiro Ochoa alirudi kutoka zamu ya usiku saa moja asubuhi, akavuta kiti cha jikoni akae, akashtuka. Kiti kilikuwa na joto, na hakuna aliyekuwa amekikalia.

"Yesenia, nani alikuwa hapa?"

"Nani tena? Niko na tortilla zangu tu," mkewe akacheka, akigeuza chapati zake za mahindi kikaangoni. Kisha akanusa. "Mbona kunanuka mkate ulioungua, na vumbi?"

Binti yao Itzel, wa miaka sita, hakuinua macho kutoka kwenye uji wake. "Ni yule babu. Hasemi kitu. Anatutazama tu."

Kutazama ndiyo kazi ya Ramiro. Huko jangwani, mwendo wa saa moja kutoka Las Vegas, hukaa mbele ya kioo cha kompyuta akiongoza kamera ya ndege isiyo na rubani iliyo upande wa pili wa dunia. Siku ishirini na moja alimtazama mzee mmoja akioka mkate uani. Kwenye kioo kile, chenye joto huonekana cheupe. Amri ya kumuua mzee ilipotoka na kombora kuachiwa, mjukuu akatoka mbio kumfuata babu yake. Ramiro alikuwa na sekunde nane za kulipeleka pembeni, mkono wake ukagoma. Kisha, kama kazi inavyotaka, akabaki kutazama mpaka weupe wao ukapoa, ukawa rangi ya udongo. Akaulizwa wamekufa wangapi. Akasema mmoja.

Mama mkwe, Doña Chela, alifika mchana na yai lake la kuondoa mikosi. Akalipitisha mwili mzima wa Ramiro akisali, akalipasua kwenye glasi ya maji. Viini viwili.

"Wako wawili, mwanangu," akanong'ona. "Ulisema wangapi?"

"Mmoja, mama. Nilidanganya."

"Basi kaseme kweli. Hawa hawafukuziki kwa yai."

Ramiro akapiga simu kazini, akasema huku analia. Mkubwa wake akamjibu kwa upole kwamba faili limefungwa, mmoja ni mmoja, akalale.

Aliporudi jikoni ile harufu ilikuwa imejaa hadi machozi yakamtoka, na kiti cha babu kilikuwa cha moto, na kando yake kiti kidogo cha Itzel nacho kilikuwa cha moto, ingawa Itzel mwenyewe alikuwa amesimama ukutani, midomo imempauka.

"Nimempisha mjukuu wa babu, baba," akanong'ona. "Anasikia baridi. Ameniomba joto langu."

Ramiro akaushika mkono wa mwanawe. Ulikuwa baridi kama kigae cha sakafu. Yesenia alipiga mayowe akitafuta simu amwite daktari, lakini Ramiro alikaa tu akitazama. Alijua weupe huchukua dakika ngapi kupoa.