Fomu Tisa za Gredi ya Tisa

Kabati la mwalimu mkuu halikuvunjwa, ila fomu tisa za usajili wa mtihani zilitoweka. Fomu nyingine thelathini na moja zilikuwemo, na kompyuta juu ya meza haikuguswa. Inspekta Wakoli wa Kitale alizunguka ofisi mara tatu asielewe kitu. Mwizi gani huyu wa kuchagua karatasi?

Mwalimu mkuu alimtaja Mohamud, muuza vyuma mjini. Wiki iliyopita aligomba hapo ofisini kwa sababu watoto wa Kiislamu, binti yake Leila akiwemo, waliandikishwa mtihani wa dini ya Kikristo. Aliachwa peke yake kidogo, na ufunguo wa kabati hukaa kwenye droo ya meza. Mohamud akalala seli. Usajili ulikuwa unafungwa kesho yake, na watoto tisa, Leila na wenzake wa Kiislamu wakiwemo, wangekosa mtihani.

"Ulichukua fomu za watoto wenu?"

"Sikuchukua. Na watoto wetu si tisa, afande. Ni wanane. Wote nawajua, tunakutana msikitini."

Wakoli akazidi kuchanganyikiwa. Wa tisa alikuwa Beth Wangila, mgeni kutoka Kabuchai. Jina hilo halikuonyesha Uislamu hata chembe. Nani angejua kwamba naye ni Mwislamu?

Alirudi shuleni, akaanza kuuliza kila mtu, hadi jikoni. Mpishi alimweleza kwamba kila mwezi wa Ramadhani yeye hupewa orodha ya wanaofunga, ili apunguze githeri. Ya mwaka huu ilikuwa bado ukutani. Majina tisa, na Beth alikuwemo.

"Nani aliandika?"

"Si ni Mwalimu Phelista. Huyo ako makini sana."

Phelista, mwalimu wa dini ya Kikristo! Wakoli alihisi aibu kumwita. Lakini mwalimu hakubisha, alifungua mkoba akazitoa fomu zote.

"Mimi ndiye niliyezijaza dini ya Kikristo, afande. Tena makusudi."

"Kwa nini?"

"Leila ni wa kwanza somo langu, Beth wa pili. Alama zao ndizo zinazonipa sifa. Baadaye nilijuta, nikamwomba mkuu abadilishe, akakataa. Nikaona zikipotea, wazazi watajaza upya, wachague wenyewe."

"Na Mohamud akiwa ndani, ulinyamaza?"

Phelista alilia. Alisema aliogopa kazi yake, na aliona haya.

"Juzi Leila alinishukuru," alisema. "Ati nimemfundisha vizuri dini ya watu wengine."