Uzito wa Kisahani Kitupu

Kisahani kilikuwa kitupu, lakini mizani ilisema kina gramu tatu.

Desimali aliinama akachungulia ndani ya kisanduku cha kioo kinachoikinga mizani na upepo. Hakuona kitu, wala unywele, wala mdudu. Akabonyeza kitufe cha sifuri, tarakimu zikajifuta, akaandika kwenye daftari la vipimo kwamba mizani imeanza na sifuri. Ilikuwa saa moja na nusu asubuhi, jua limeshajaa maabarani, na alikuwa na vipande arobaini vya kioo vya kupima kabla Profesa, msimamizi wake, hajafika.

Jina la Desimali alipewa na wenzake wa idara ya fizikia kwa sababu hakuwahi kukubali kukadiria. Ukimuuliza saa, anakutajia na sekunde. Kwa ajili ya tasnifu yake ya uzamivu alikuwa akipaka vioo utando mwembamba wa kunasa umeme wa jua, kisha anavipima ajue utando uliokaa una uzito gani. Tofauti yenyewe ilikuwa ya miligramu, ndiyo maana Fundi, mzee aliyeitunza mizani ile tangu inunuliwe, alikuwa na kanuni moja aliyoirudia hadi ikawachosha: soma kisahani kitupu, andika ulichokisoma, ndipo ubonyeze sifuri. Tangu arudi kutoka likizo ya uzazi, Desimali alikuwa akiiruka hatua ya katikati. Mtu mwenye mtoto wa miezi mitano nyumbani hujifunza kuruka mambo.

Jana yake alikuwa ameruka jambo jingine. Mchana alijifungia stoo akakamua maziwa ya kumpelekea mtoto, na alipotoka akataka kujua ni gramu ngapi. Mama mwingine angeangalia mistari ya chupa akaridhika. Yeye aliiweka chupa juu ya mizani ya utafiti, mahali ambapo hakiwekwi kitu kisicho cha utafiti, na tone moja likadondokea kwenye kisahani. Akalipangusa kwa karatasi laini, akabonyeza sifuri, mambo yakaisha. Ndivyo alivyodhani.

Siku zilizofuata kisahani kitupu kilisoma gramu kumi na moja, kisha ishirini, kisha ishirini na sita. Jumatatu zilikuwa mbaya zaidi, kama vile mwisho wa juma kitu kilikuwa kimepata nafasi ya kutosha. Desimali alilaumu unyevu, kisha umeme, kisha kiyoyozi. Kila asubuhi alibonyeza, akaandika sifuri, akapima vioo vyake. Vipimo vilitoka vizuri ajabu, na Profesa alifurahi hadi akaanza kuandaa makala ya kupeleka kwenye jarida, jina la Desimali likiwa la kwanza.

Nyumbani mtoto alikuwa akipungua.

Alikuwa ananyonya vizuri, tena kwa pupa. Hakuwa na homa, hakuharisha, na daktari alipima damu na mkojo asione kitu. Lakini kadi ya kliniki ilisema alikuwa na kilo sita na gramu mia tisa arobaini, na wiki nane baadaye alikuwa na tano na mia nane thelathini. Ngozi ya mapaja ilikuwa imelegea. Mumewe Desimali aliacha kumbeba mbele ya watu, na Desimali alimwelewa, kwa sababu hata yeye aliona aibu iliyochanganyika na hofu. Alianza kuamka kila saa kumgusa mtoto mbavu. Kazini alikuwa akikaa na kuinuka, akifungua dirisha na kulifunga, akipiga simu nyumbani kuuliza jambo aliloliuliza dakika kumi kabla.

Asubuhi ya Alhamisi alipofungua mlango wa maabara alikutana na harufu ya maziwa yaliyochacha. Akakagua ndoo ya taka, haikuwa na kitu. Akaenda kwenye mizani, akaona kwamba kisanduku cha kioo kina ukungu, na ukungu wenyewe uko upande wa ndani, duara dogo kwenye kimo cha mdomo wa mtoto aliyeketi, linalotanuka na kusinyaa, linalotanuka na kusinyaa. Kisha akausikia mlio, mdogo, wenye unyevunyevu, wa kitu kinachonyonya bila kupumzika, nao ulitoka pale kwenye kisahani kitupu, na kabla akili yake haijaamua kama ni mlio kweli au ni uchovu, kifua chake kilikuwa kimeshaamua, maziwa yakashuka yenyewe kama yanavyoshuka mama anaposikia mwanawe analia, yakapenya blauzi na koti jeupe la maabara, na ule mlio ukaongeza kasi.

Fundi alimkuta ameketi sakafuni. Alikwenda nyuma ya mlango wa stoo, akabandua kalenda ya ukutani, akamwekea mapajani. Kila tarehe ya kazi ilikuwa na tarakimu iliyoandikwa kwa penseli.

"Huwa nafika kabla yako," alisema kwa sauti ya chini. "Uliacha kuandika, binti, basi nikaandika mimi."

Desimali alijumlisha. Alijumlisha mara tatu, maana ndiyo tabia yake. Ilikuja gramu elfu moja mia moja na kumi. Akatoa kadi ya kliniki kwenye mkoba, akatoa uzito mdogo katika mkubwa, jibu likawa lile lile.

Shangazi wa mumewe aliuza vitambaa siku tano za juma, na siku mbili zilizobaki alitibu watu kienyeji. Desimali, msomi wa fizikia, hakuwahi kumpelekea hata jino bovu. Jumamosi ile alimfuata mwenyewe na kumwingiza maabarani. Pale mlangoni Shangazi alivishwa vifuniko vya viatu, akanung'unika kwamba watu wa elimu wanaogopa vumbi kuliko wanavyomwogopa Mungu. Kisha akanusa, na utani ukamtoka usoni. Aliuliza kile kitufe ni cha nini. Desimali akamweleza, pamoja na habari ya lile tone la maziwa.

"Kwa hiyo mgeni amekuja, ukamwonjesha maziwa," Shangazi alisema polepole, "halafu kila asubuhi unamwambia yeye si kitu."

"Simwambii mtu, Shangazi. Narekebisha mizani."

"Na ukaandika?"

"Niliandika sifuri."

"Basi. Jini hawezi kukaa akiwa si kitu. Anakula kwa mwanao ili awe kitu, asubuhi unamfuta, anarudi kula." Aliufunga mtandio wake vizuri. "Ulichomwandikia kwa mkono wako kikanushe kwa mkono wako. Sifuri zote, mama. Mpaka zote zikanushwe, hana pa kwenda ila kwa huyo mtoto."

Desimali alijua maana yake. Kukanusha sifuri ni kukanusha kila kipimo kilichofuata, na bila vipimo vya wiki nane hakuna tasnifu, na utetezi wake ulikuwa umepangwa mwezi unaofuata baada ya miaka minne ya jasho. Alimpigia simu Profesa, akamweleza kwamba data si sahihi na makala isiende. Profesa akasema ameelewa, ataiondoa, naye aende akauguze mtoto.

Akafungua daftari. Ukurasa wa kwanza alichora mstari juu ya sifuri, akaandika pembeni tarakimu ya Fundi na sahihi yake, na kwenye skrini ya mizani ikatokea tatu. Ukurasa wa pili, kumi na nne. Alilia huku anaandika, na kwa kila mstari uzito uliongezeka, na harufu ikazidi kuwa nzito, na meza ya mawe ambayo haitikisiki ikaanza kutikisika, na Fundi akashika ukingo wake kwa mikono miwili, na ule mlio wa kunyonya ukageuka pumzi, kisha kilio cha kitu kisichojua kulia, hadi ukurasa wa mwisho mizani iliposoma elfu moja mia moja na kumi na kubaki hapo.

"Umeonekana," Shangazi alikiambia kile kisahani. "Shuka uende."

Tarakimu zikarudi nyuma hadi sifuri bila mtu kubonyeza kitu.

Mtoto alianza kunenepa tena. Wiki ya kwanza aliongeza gramu mia mbili, ya pili mia tatu, na muuguzi wa kliniki akamwita bondia. Desimali aliomba mwaka mmoja zaidi wa masomo, akapewa. Hakujuta. Kila jioni alimbana mtoto mashavu na kucheka peke yake.

Wiki ya tano, mchana, alikuwa ameketi kitandani anamnyonyesha, simu ikalia kuashiria ujumbe. Ulikuwa wa Profesa, wa kumpongeza. Makala imetoka. Jina lake ni la kwanza, na kwenye jedwali, safu nzima, sifuri zake zote zilikuwa zimepangwa kwa usafi wa kupendeza.

Alimpigia papo hapo.

"Nilikufikiria wewe," Profesa alisema. "Miaka minne haitupwi kwa sababu ya wasiwasi wa uzazi. Na sasa haiwezekani kuirudisha, imeshasomwa na watu elfu tatu."

Desimali alikata simu. Alifikiria kalamu, akafikiria nakala elfu tatu, katika mashine za watu asiowajua, katika nchi asizozijua. Chumba kilikuwa kimya, isipokuwa mtoto anayenyonya kwa pupa, na alijikaza asilie ili asimshtue.

Alipomtazama, mtoto alikuwa amelala zamani, kichwa kimeangukia kwenye mkono wake, mdomo umefumba. Mlio wa kunyonya uliendelea.