Kiraka wa Smithfield

Lorcan Devane alimvunja mguu Malachy Tuohy mwanzoni kabisa mwa mechi ya watani, na Malachy ni kaka yake Dervla, na Dervla ndiye mwanamke pekee ambaye Lorcan aliwahi kumwambia anampenda akiwa hajalewa. Mfupa ulitokeza nje ya soksi. Mlio wake ulifika hadi jukwaa la bei rahisi, na watu waliokuwa wakila chipsi waliacha kula.

Miezi michache kabla ya hapo Lorcan na Dervla walikuwa hawajuani. Walikutana Mtaa wa Moore, Dublin, Jumamosi moja asubuhi Krismasi ikikaribia, watu wamebanana kati ya meza za matunda na za samaki, kila mwanamke anaita wateja kwa sauti ya kupasua masikio. Dervla alikuwa akiuza samaki. Alivaa aproni ya mpira juu ya sweta jekundu, mikono imekunjwa hadi viwikoni, na hereni kubwa za dhahabu ambazo hakuzivua hata akipara magamba. Mlevi mmoja akamshika kiuno. Dervla hakupiga kelele. Alimkamata samaki mmoja mkubwa kwa mkia akamzungusha kwa nguvu zake zote. Mlevi akainama. Samaki akamkuta Lorcan, aliyekuwa akipita na mfuko wake wa machungwa, katikati ya uso.

Damu ikamtoka puani kama bomba.

"Ungeinama," Dervla akamwambia.

"Sikujua kama mechi imeanza."

Dervla akamtazama vizuri. "Wewe si yule wa Smithfield? Yule kiraka, anayechezeshwa kila mahali?"

"Ndiye."

"Basi leo umecheza samaki wa kichwa."

Mlevi akacheka, na hilo lilikuwa kosa lake. Lorcan alimpiga kichwa kimoja, mtu yule akakaa ndani ya kreti la barafu na makalio yake yote. Dervla akachota barafu hiyo hiyo, inanuka samaki, akamwekea Lorcan puani kwa mkono wake mwenyewe. Akamwomba namba ya simu. Alisema ni ili amlipe gharama za pua.

Kiraka ndivyo alivyokuwa kweli. Alianza kama beki wa kulia, akaenda Uingereza akiwa kijana akageuzwa beki wa kushoto, akarudi nyumbani, na Smithfield wakamweka kiungo, winga, mshambuliaji, na siku kipa alipopewa nyekundu, wakamvisha glavu. Kocha akisema nenda pale, yeye anasema sawa. Alikuwa mchezaji mzuri kuliko wengi, lakini hakuna mtoto hata mmoja aliyeandika jina lake mgongoni mwa jezi, kwa sababu hakuna aliyejua ni mchezaji wa nini.

Wakaanza kupigiana simu kila jioni Dervla akifunga meza.

"Umevaa nini?" Lorcan anauliza.

"Aproni. Na magamba."

"Usivue chochote, nakuja."

"Njoo na sabuni, mpenzi."

Walipotoka pamoja Dervla alivaa gauni la kijani kibichi na koti la manyoya ya bandia, na wanaume waliokuwa wameegemea kaunta za baa waligeuka wote kwa pamoja. Lorcan aligombana na wawili majira hayo ya baridi. Mmoja aling'olewa jino, mwingine alikimbia.

Kwao Dervla ni Ringsend, kando ya bandari, ukoo mzima wa wapakia meli wenye mikono kama koleo. Malachy alikuwa nahodha wa Anchor, timu ya mtaa huo, na Anchor na Smithfield hawajawahi kupendana. Siku ya kwanza Lorcan alipokwenda kula chakula cha Jumapili, Malachy alimkaba shingo mlangoni, akamwambia akimliza dada yake atamvunja, kisha akamvutia kiti na kumpakulia viazi. Walielewana. Mama Tuohy alimwita Lorcan mwanangu kabla sufuria haijapoa. Bibi yao, mzee wa kiti cha karibu na moto, alimwuliza anacheza wapi uwanjani. Lorcan akasema popote. Bibi akasema hilo si jibu.

Aprili ilipokaribia, Dervla alimshika mkono wakitembea kando ya mto.

"Sikuombi pete wala safari," alisema. "Mechi ya watani ikifika, wewe na Malachy msikutane. Najua wanachofanyiana mle ndani. Nina kaka mmoja tu."

"Msimu huu mimi winga ya kushoto. Yeye yuko katikati. Tutakutana kupeana mikono, basi."

"Niapie."

"Naapa, mpenzi wangu."

Aliapa kwa moyo wote. Alisahau tu kwamba nafasi anayocheza haikuwahi kuwa mali yake.

Siku ya mechi chupa zilivunja vioo viwili vya basi la Smithfield kabla halijafika. Chumba cha kubadilishia nguo kilinuka dawa ya misuli na matapishi, kwa sababu kiungo wao mkabaji alikuwa chooni tangu asubuhi, tumbo limemharibika. Kocha Brannock, mtu mfupi mwenye shingo nene kuliko kichwa, alirusha jezi ya kiungo ikatua magotini mwa Lorcan.

"Devane, unaingia katikati. Wako ni Tuohy."

Lorcan alianza kusema kwamba huyo ni kama shemeji yake.

"Najua unalala na dada yake, Dublin nzima inajua. Ndiyo maana hatakutegemea." Brannock akaja karibu. "Mapema mapema refa wa mechi hii hatoi nyekundu, anaogopa uwanja kuwaka. Mpe moja. Asicheze tena leo."

Wenzake wote walikuwa wakimtazama. Kinywa chake kilifunguka ili kikatae. Kilichotoka ni sawa.

Malachy alipomwona katikati ya uwanja alimkonyeza, akamwuliza kama amepotea njia. Mpira wa tatu ulipomjia Malachy, akiwa amempa Lorcan mgongo, Lorcan alikuja kwa mwendo wote na njumu zote za mguu wa kulia zikiwa mbele. Alikusudia amwumize. Hakukusudia kumvunja. Lakini aliukuta muundi umesimama imara juu ya nyasi, na mguu wa mtu ukisimama hivyo hauna pa kwenda.

Kipa wa Anchor alikimbia nusu uwanja akamtwanga ngumi ya sikio. Mabenchi yote mawili yakamwagika uwanjani. Watu waliruka uzio, mmoja aling'oa kibendera cha kona akamchapa nacho beki wa Smithfield hadi mti wake ukakatika. Polisi walimtoa Lorcan uwanjani akiwa na kadi nyekundu na mate ya watu usoni. Malachy alikuwa amelala akitafuna mkono wa jezi yake asilie. Na jukwaani, katikati ya watu wote waliokuwa wakiruka na kutukana, Dervla alisimama ndani ya jezi ya kaka yake, anamtazama Lorcan yeye peke yake.

Usiku haujaingia, wakili wa klabu alikuwa amekwisha kumkalisha chini. Akamwambia ligi itaita kikao. Atasema nyasi zilikuwa na maji na aliteleza. Mpaka siku hiyo asipige simu, asiandike, asisogelee Ringsend, kwa sababu akiomba radhi amekiri, na akikiri atafungiwa na klabu itashtakiwa. Brannock akamwuliza kama ameelewa.

Lorcan akasema sawa.

Dervla alipiga jioni hiyo hiyo. Akapiga kesho yake, na siku zilizofuata. Lorcan aliiweka simu mezani akaangalia jina lake likiwaka na kuzimika. Kisha ukaja ujumbe: "Niambie tu uliteleza. Nitakuamini." Huo ulimwuma kuliko ngumi ya kipa, maana angeweza kuuandika uongo huo kwa kidole kimoja, na Dervla angerudi kwake, na angelala naye kitanda kimoja akiwa na uongo huo maisha yake yote. Hakujibu. Mwisho Dervla akaandika neno moja: "Basi."

Mei bibi wa kina Tuohy akafariki.

Ringsend nyumba ikifiwa mlango haufungwi. Mtu yeyote anaingia, mwenye deni la damu pia, anapita kando ya jeneza, anawapa mkono wafiwa mmoja mmoja, anakunywa chai. Hakuna anayemgusa ndani. Lakini heshima hiyo inaishia getini, na hilo nalo kila mtu analijua. Brannock alipopata habari kwamba Lorcan ananyoa ndevu na kupiga pasi suti, alimfuata hadi nyumbani kwake, akamwambia akikanyaga mle amejimaliza. Lorcan alitaka kupita. Brannock akampiga tumboni. Lorcan akamkamata kocha wake kwa tai akambamiza kwenye kabati la vyombo hadi sahani zikashuka zote, akamwacha sakafuni, akaenda kupanda basi.

Sebule ilijaa. Kioo kimefunikwa kitambaa, saa ya ukutani imesimamishwa kama desturi yao msibani, bibi amelala na rozari vidoleni. Maongezi yalikatika Lorcan alipoingia. Aligusa mikono ya bibi, imekuwa baridi, akaanza kupita mstari wa wafiwa. Mama Tuohy alimpa vidole tu bila kumwangalia. Binamu wawili wa bandarini, Fintan na Colm, walimpa mkono, wakambana hadi vifundo vikalia, kisha wakatoka nje polepole. Mwisho wa mstari alikaa Malachy, mguu una vyuma umenyooshwa juu ya stuli, magongo ukutani. Nyuma yake alisimama Dervla, gauni jeusi, masikio matupu, ameshika birika la chai.

Malachy hakuuachia mkono wa Lorcan.

"Swali moja," alisema, na nyumba nzima ikasikiliza. "Uliteleza?"

Mle ndani kulikuwa na watu wasiopungua kumi ambao wangekuwa mashahidi siku ya kikao cha ligi.

"Hapana," Lorcan akasema. "Niliambiwa nikuumize, nikakubali. Aliyeniambia hakuwa na mguu mle. Mguu ulikuwa wangu."

Malachy alitazama vyuma vya mguu wake. Kisha akamwachia mkono.

"Kunywa chai," alisema. "Humu ni kwa bibi. Huko nje mimi sina la kufanya."

Dervla alimmiminia, akamvuta hadi kwenye korido.

"Toka kwa mlango wa jikoni."

"Niliingia kwa mbele."

"Wanakungoja, Lorcan."

"Nimewaona."

"Kwa nini hukupokea simu?" Alimshika ukosi wa suti. "Nilikuwa tayari kukuamini hata ukisema uongo, mjinga wewe."

"Najua. Na ningeusema. Mimi husema chochote ninachoambiwa niseme."

Alimaliza chai yote, akampa kikombe, akatoka kwa mbele.

Fintan alikuwa na gongo la hurling, fimbo nene ya mchezo wa huko. Lorcan aliwahi kurusha ngumi moja tu, ikamvunja Fintan pua, halafu gongo likatua kwenye taya na dunia ikageuka nyeupe. Alianguka chini ya geti. Walimpiga mateke ya mbavu na ya sikio, mvua inawanyeshea wote watatu. Kisha Colm akamburuta hadi ukingo wa barabara, akaupandisha mguu wa kulia wa Lorcan juu ya jiwe, na Fintan akaruka akatua gotini kwa miguu miwili. Mlio ulikuwa ule ule wa Aprili.

Dervla alitoka pekupeku. Alimmwagia Fintan birika zima shingoni, chai bado inatoka moshi, na Colm alipomgeukia alimpiga na birika lenyewe kwenye meno. Akajilaza juu ya Lorcan kwenye maji ya barabarani, akawaambia wanaotaka kuendelea waanze na yeye. Hawakuendelea.

Hospitali walilifunga taya la Lorcan kwa nyaya. Dervla alikuja kila siku akinuka samaki, akimlisha supu kwa mrija na kumtania kwamba hatimaye amepata mwanaume asiyebisha. Siku moja akaacha kutania.

"Kuna kitu nataka kukuuliza. Nitauliza taya likifunguka. Usiniitikie kwa kichwa, umeitikia vya kutosha."

Nyaya zilipotolewa alikuwa amekaa ukingoni mwa kitanda, amevaa gauni lile la kijani.

"Brannock anasema ukienda ligini ukakana uliyosema msibani, klabu itakupa kazi ya kufundisha watoto. Utakana?"

"Hapana."

"Vizuri. Sasa nimeshasikia kwamba unaweza kukataa." Akavuta pumzi. "Utanioa?"

Lorcan hakuharakisha. Alitaka ajue anachagua, naye Dervla akamwacha achague.

"Ndiyo," alisema. "Hilo nalitaka mimi."

Walioana Septemba. Lorcan alipoteza goti, meno manne ya mbele, na usikivu wa sikio la kushoto. Ligi ilimfungia, ingawa hakuwa tena na mguu wa kufungiwa. Malachy mguu wake uliunga ukiwa mfupi, hakucheza tena, na sasa anafungua na kufunga lango la bandari. Fintan ana kovu kutoka sikio hadi begani na alikaa ndani miezi sita, Colm minne, na upande huo wa ukoo hausemi na Dervla hadi leo. Mama Tuohy hakuja harusini. Malachy alikuja, kwa fimbo, akakaa kiti cha nyuma, akaondoka kabla ya chakula. Brannock bado ni kocha wa Smithfield.