Mkebe wa Kabambare

Jumanne, saa mbili na robo asubuhi, mjini Kasongo, Chimène alikata skochi, utepe wa gundi uliofunga mkebe wa bati uliotoka Kabambare. Ndani ilipaswa kuwamo filamu ya mwaka 1957, nakala pekee, ambayo Laura aliisubiri kwa kipindi chake cha televisheni. Badala yake palikuwa na ukanda mrefu wa mpira, umeviringishwa vizuri.

"Musafiri!" Laura alifoka. "Ni yeye alileta!"

Musafiri, mwendesha pikipiki, hufungia mizigo kwa mipira ya namna hiyo hiyo. Kufikia saa tatu alikuwa kashoni, mahabusu ya polisi, na pikipiki yake imezuiwa. Wenye haraka hawakosi mtu wa kumfunga.

Chimène hakuwa na haraka. Kazi yake ni kusafisha filamu kuukuu kabla ya kunakiliwa, na uchafu anaujua. Alimpelekea komanda wa polisi mkebe.

"Papa Komanda, angalia hii matope ya njia. Ilikaukia juu ya skochi mpaka kwa bati. Hakuna mutu alifungua mu njia."

"Alifungua mbele ya kutoka, kabla ya safari," alijibu komanda.

"Nusa basi."

Mpira ulinuka moshi. Ulikuwa na masizi, na ganda la hindi lilikwama katikati. Mipira ya Musafiri, pale uani, ilikuwa myekundu kwa matope.

"Huu ulitoka mu jikoni," alisema Chimène.

"Nakupa siku tatu. Musafiri anabaki."

Alhamisi, saa kumi jioni, Chimène alifika Kabambare kwa mama Victorine, aliyeachiwa filamu na baba yake. Kaka yake, mkubwa wa familia, ndiye aliyekubali itoke. Chimène aliingia jikoni kusalimia, akainua macho. Juu ya meko, kwenye uchaga, mafungu ya mahindi ya mbegu yalifungwa kwa mipira. Fungu moja lilifungwa kwa kamba mbichi ya mgomba. Kando yake palikuwa na kitu cha mviringo ndani ya kitenge.

"Mama, Musafiri iko mu kasho sababu ya ule mpira."

Victorine aliketi chini. "Musafiri? Mungu wangu, sikujua!" Akalia. "Mama yangu iko mule ndani, anacheza ngoma. Foto yake moja, watu wa televizio walibeba, eti watarudisha. Mwaka wa kumi na mbili huu! Kaka alipokubali, nikasema, mimi nabaki na nini? Nikatoa filamu, nikaweka mpira, mkebe usiwe mwepesi."

"Na juu ya moto, mama, sababu gani?"

"Mbegu tunaweka pale haziozi. Kitu unapenda, unaweka pale."

Joto huua filamu. Chimène aliifungua taratibu. Kingo zilijikunja, lakini picha zilikuwa hai. Alishindwa kukasirika.

"Haitatoka tena. Tutanakili hapa hapa, mbele yako. Lakini kwanza simu."

Victorine aliongea na komanda mwenyewe: "Ni mimi. Mumuachilie."

Jumamosi Musafiri aliingia na pikipiki yake, mashine ya kunakili mbele, Laura nyuma, akimwomba radhi njia nzima. Jumapili, baada ya misa, picha zilioneshwa kwenye shuka. Msichana alicheza, mtaa mzima ukapiga vigelegele.

"Mama!" Victorine alicheka na kulia. "Iko mutoto kuliko mimi!"

Filamu ilibaki kwake, kabatini, mbali na meko. Laura alipoleta sanduku la mashine lifungwe kwenye pikipiki, Musafiri alikunja mikono.

"Fungua kwanza," alisema. "Nione."