Ubeti Nilioudondosha Njia ya Didia

Nina umri wa miaka arobaini na minne. Nina digrii moja, baiskeli moja, na makala kadhaa za magazetini ambazo watu wa Shinyanga huzitumia kufungia karanga. Mke ninaye, ila yuko kijijini Didia kwa kaka yake, na hajasema atarudi lini... Sidhani kama atarudi.

Ndugu wasomaji, siandiki ili mnionee huruma. Naandika kwa sababu msiba huu sikuletewa na adui, wala na shetani, wala na pombe. Niliuleta kwa kinywa changu mwenyewe, nikiwa na akili timamu na shati lililopigwa pasi.

Kilichoniumbua ni matembezi ya mguu. Afisa utamaduni, mtu mwema anayependa sana mikutano, alinifuata chuoni ninakofundisha walimu wa kesho. Alitaka wanachuo watembezwe mjini waoneshwe mahali muziki wa roki ulipopigwa zamani.

"Mwalimu, gitaa la umeme lilifika hapa kabla mitaa mingi haijapata huo umeme," alisema. "Nani atawaeleza vijana, kama si wewe uliyekuwa bendini?"

Nilijifanya kufikiri. Kwa kweli nilikuwa nimeshakubali kabla hajafika nusu ya sentensi. Nani asingependa kufuatwa na watu thelathini wanaoandika kila anachosema?

Ndipo akaongeza, "Na yule mpiga solo wenu tumempata. Yuko Nyarugusu, huko Geita, kwenye machimbo ya dhahabu. Amesema atakuja."

Nilitamani kukataa palepale. Ili mjue kwa nini, inabidi niwarudishe nyuma.

Mwishoni mwa miaka ya sitini nilikuwa mwalimu kijana wa shule ya msingi, na jioni nilikuwa mpiga gitaa la ridhimu katika bendi yetu, Radi Sita. Tulikuwa sita kweli, ila radi ilikuwa moja tu. Jina lake Masanja, rafiki yangu tangu utotoni.

Masanja hakusoma kupita darasa la nne. Lakini alikuwa akisikia santuri ya roki mara mbili, ya tatu anaipiga. Spika ya redio mbovu aliifunga mdomoni mwa kinu cha mama yake cha kutwangia mtama, na sauti iliyotoka humo ilinguruma mpaka mbwa wa mtaa wakahama. Mama yake alitwanga kwa jirani mwaka mzima.

Tena alikuwa anatunga. Alitunga kama manju wa ngoma zetu za Kisukuma wanavyotunga, yaani ndani ya wimbo ni lazima ajitaje jina lake na la baba yake. Huku kwetu wimbo usio na jina la mwenyewe ni kama ng'ombe asiye na alama. Yeyote anaweza kumswaga.

Mwaka mmoja, baada ya mavuno ya pamba, tulipiga Didia. Huko Masanja akamwona Kabula. Mtu aliyewatetemesha watu mia kwa nyuzi sita alishindwa kumwambia msichana hata habari za mchana. Akarudi mjini, akajifungia siku tatu, akatoka na wimbo.

Kisha akaamua kwenda Nyarugusu kuchimba, apate ng'ombe wa mahari. Kabla ya kuondoka alinifundisha wimbo wote, ubeti kwa ubeti.

"Lukasi, wewe una maneno na una baiskeli," aliniambia. "Nenda Didia ukamwimbie. Akikubali, nitumie salamu. Akikataa, pia nitumie salamu."

Kwetu si ajabu kijana kumtuma rafiki yake. Rafiki ndiye mdomo wako. Ubeti wa mwisho wa wimbo ulisema hivi:

*Anayekuita ni Masanja, mwana wa Shija, yuko mbali shimoni,*
*Huyu aliye mbele yako nimemtuma, jibu lako mpe yeye.*

Nilikwenda Didia siku ya Jumapili. Kabula alikuwa anaanua mihogo juani pamoja na shangazi yake. Niliwaamkia, nikapewa kigoda kibovu, nikakikalia kwa woga, nikaimba. Ubeti wa kwanza ulipokwisha, Kabula aliacha mihogo. Wa pili, akakaa chini. Wa tatu, alinitazama machoni... Na mimi, ndugu zangu, hakuna mwanamke aliyekuwa amewahi kunitazama namna ile.

Ulibaki ubeti mmoja. Mistari miwili tu.

Nikanyamaza.

"Umemtungia nani wimbo huo?" shangazi yake aliuliza huku akicheka.

"Huyo hapo," nilijibu.

Mnaona? Hata sikusema kwamba nimetunga mimi. Nilijitetea hivyo miaka mingi. Msomi hakosi pa kujificha.

Baada ya miezi mitano Masanja alirudi, amekonda, na ng'ombe wake wanne akilini. Alikuta nimeshapeleka wangu. Nilimwambia kwamba Kabula amenichagua mimi. Aliinama akichora mchangani kwa kidole.

"Alisikiliza wimbo wote?" aliuliza.

"Wote," nilisema.

Neno hilo moja... Akanipa mkono, akasema, "Basi, amechagua. Mtunze." Kesho yake akapanda lori la kurudi Nyarugusu, na Radi Sita ikafa palepale, maana watano tuliobaki tulikuwa kelele tu.

Nilimwoa Kabula. Nikaenda chuo kikuu, nikasoma sosholojia, elimu inayomwezesha mtu kueleza makosa ya jamii nzima bila kugusa yake. Tukapata watoto watatu, wa kwanza Lea. Wote Kabula aliwabembeleza kwa wimbo ule. Kila nilipoombwa nitunge mwingine, nilisema masomo yamenikausha. Je, mtu anaweza kulala kitanda kimoja na wimbo wa mwenzake miaka kumi na saba na asisikie aibu? Anaweza. Anazoea, kama mtu anayekaa jirani na mashine ya kusaga.

Siku ya matembezi tulikusanyika stesheni asubuhi. Kabula alikuja na birika la chai isiyo na sukari, kwani sukari ya mgao ilikuwa imekwisha tangu wiki iliyotangulia. Masanja alishuka kwenye lori lililotoka Geita. Kikohozi chake nilikisikia kabla sijamwona. Vumbi la mawe lilikuwa limeingia kifuani, akawa anapumua kama mtu anayepanda mlima ilhali amesimama.

"Mwalimu, umenona," alisema. "Chaki ina vitamini, sikujua." Kisha akamgeukia mke wangu kwa heshima, akamwamkia kwa Kisukuma. "Mwangaluka, shemeji."

"Mwangaluka, shemeji. Pole na safari."

Shemeji... Nilikohoa, nikaanza kuongoza.

Pale stesheni niliwaonesha wanachuo mahali gitaa letu la kwanza la umeme liliposhushwa kutoka kwenye treni, limefungwa blanketi, tukalibeba wanne kama mgonjwa. Kwenye studio ya mpiga picha niliwaonesha mahali tuliposimama na suruali zetu za bugaluu zilizopanuka miguuni, nyuma yetu pazia lililochorwa ndege ya abiria, na kati yetu hakuna aliyewahi kupanda hata treni ya daraja la pili. Wanachuo walicheka, wakaandika. Nilizidi kunenepa.

Kwenye ukumbi wa zamani, ambao siku hizi ni ghala, nilisema kwamba mimi na Masanja tulishirikiana kujenga mtindo wetu wa roki.

"Kweli tulishirikiana," Masanja alisema kutoka nyuma. "Gitaa lake lilikuwa na nyuzi sita. Alizijua mbili, na moja kati ya hizo alikuwa anaiogopa."

Watu walivunjika mbavu. Kabula alicheka mpaka akashika ukuta. Nami nilicheka, maana kweli ilikuwa kweli. Kwa nusu saa ile nilidhani labda yaliyopita yamesahaulika, labda tutazeeka hivi, tukitaniana...

Kituo cha mwisho kilikuwa uwanja wa kinu cha pamba, tulikokuwa tunapiga msimu wa mavuno. Afisa utamaduni alikuwa ameazima gitaa na spika za kwaya ya kanisani. Masanja alikataa kwanza, akisema kifua hakina nafasi ya wimbo. Wanachuo wakambembeleza. Akaketi juu ya gunia, akapima nyuzi, akamtazama Kabula.

"Nitapiga mmoja," alisema. "Shemeji ataniwia radhi. Ni wa zamani, hauna kinyongo."

Nilijua ni upi kabla hajagusa uzi. Nilitaka kusema muda umekwisha. Nilitaka kuita mvua.

Aliuimba polepole, akipumzika kila mstari. Kabula alianza kuufuatisha kwa midomo, akitabasamu, kwa sababu aliujua kuliko mtu yeyote pale. Ubeti wa tatu ulipokwisha alifunga mdomo, kwa kuwa kwake wimbo ulikuwa umefika mwisho. Masanja akaendelea.

*Anayekuita ni Masanja, mwana wa Shija...*

Wanachuo walipiga makofi. Kabula hakupiga. Alikwenda akasimama mbele ya Masanja.

"Shemeji, wimbo huu ni wa nani?"

Masanja alicheka. "Si wako? Si huyu nilimtuma akuimbie, ukakataa?"

"Nilikataa nini?"

Hapo Masanja akanigeukia. Mimi ninayefundisha saa mbili bila kutazama karatasi nikaanza kukunja waya wa spika.

"Lukasi," alisema taratibu. "Uliniambia alisikiliza wote."

Hakunitukana. Alilaza gitaa juu ya gunia kwa uangalifu, kwa kuwa lilikuwa la kanisa, akaenda kungoja lori. Kabula alimfuata mpaka barabarani. Walisimama mbalimbali, wakazungumza kidogo. Sijui walisema nini, na sina haki ya kujua.

Nyumbani Kabula hakupiga kelele. Aliniuliza, "Mistari miwili, Baba Lea. Ilikuwa mizito kiasi gani hata baiskeli ikashindwa?"

Nilimwambia niliogopa kumpoteza.

"Ungenipotezaje? Hukuwa nami." Kisha akasema jambo ambalo linaniamsha hadi leo. "Na labda ningekuchagua wewe. Ulikuwa mcheshi, nilikupenda ulivyoogopa kigoda cha shangazi. Lakini hukuniuliza. Sasa sitajua, na wewe hutajua."

Wiki iliyofuata alikwenda Didia na watoto wawili wadogo. Lea alibaki nami ili amalize shule. Ananipikia, ananiamkia shikamoo, basi.

Nilimwandikia Masanja barua tatu za kuomba radhi. Zote zilikuwa ndefu, zenye aya nzuri. Sikupeleka hata moja, kwa kuwa kila niliposoma niliona najitetea. Nikasema nitakwenda mwenyewe likizo ikifika. Mvua zilipoanza, kifua kilimshinda. Habari ilinifikia kupitia dereva wa lori.

Nilikwenda Nyarugusu kuzika. Kabula naye alikuja, akaketi upande wa wanawake, karibu na mjane wa Masanja, mwanamke aliyemwoa hukohuko machimboni. Wachimbaji wenzake, wenye udongo mwekundu mpaka kopeni, walitaka aimbiwe wimbo wake mmoja kabla ya kufukia. Mzee wao alininyooshea mkono. "Mwalimu, wewe ulikuwa naye bendini. Tuimbie."

Nilisimama. Nikaimba ubeti wa kwanza, wa pili, wa tatu. Nilipofika wa nne... sikuukumbuka. Wasomaji wangu, miaka yote ile nilikuwa nimeuruka, kinywa kilikuwa kimeusahau kabisa. Jina lake nalijua, la baba yake nalijua, lakini maneno yake hayakuja. Watu walingoja. Nilisikia sepetu ikiwekwa chini.

Ndipo Kabula akauimba, akiwa palepale chini. Alikuwa ameusikia mara moja tu maishani mwake, na hakukosea hata neno.

Niliketi. Hakuna aliyenitazama, na hiyo ndiyo adhabu niliyopewa.

Kijana unayesoma haya, pengine umetumwa na mwenzako. Pengine una salamu yake, au posa, au radhi anayoomba, na umeanza kuona ikikupendeza wewe mwenyewe kuimiliki. Nakusihi, ipeleke ilivyo, na jina la aliyekutuma ulitaje kwanza. Ukikataliwa utalia, kisha utapona. Na kama umeshadondosha kitu njiani kama mimi, usikae mezani kutafuta aya nzuri. Nenda leo hii, hata kwa mguu, hata bila neno la kusema... maadamu mwenyewe bado anapumua.